Mwito Usio na Mwenyewe: Harakati za Umma katika Meru na Embu kutoka Ngaitana hadi Mitandao ya Kijamii

1. Utangulizi

Makala haya yanakusudia kuchunguza faida na hatari za harakati zinazoendeshwa kwa njia ya mitandao ya kijamii, kwa kuchukua mfano wa nchi ya Meru na Embu, iliyoko kwenye miteremko ya mashariki na kusini-mashariki ya Mlima Kenya. Suala hili limekwisha kujadiliwa sana na wanasheria, waandishi wa habari na wanasiasa. Hata hivyo, mjadala wenyewe aghalabu umeendeshwa kana kwamba mwito wa umma ulizaliwa pamoja na simu ya mkononi, na kana kwamba watu wa vijijini walikaa kimya wakingojea chombo hicho kiwape sauti. Dai hilo halina msingi katika historia. Takriban nusu karne kabla ya mtandao wa Facebook kuanzishwa mwaka 2004, wasichana wa Meru walieneza katika wilaya nzima mwito wa neno moja tu, bila gazeti, bila redio na bila kiongozi anayejulikana, wakaikaidi amri ya wazee na ya serikali kwa pamoja.

Tutajaribu kuonyesha mambo mawili. La kwanza ni kwamba wepesi wa mwito kuenea na haki ya jambo linaloitiwa ni vitu viwili mbalimbali, ambavyo mwanahistoria hana budi kuvipima kila kimoja kwa mizani yake. La pili ni kwamba mwito unaosambaa kwa watu wengi huwa hauna mwenyewe, lakini adhabu yake siku zote ina mwenyewe: humwangukia mtu mmoja, mwenye jina, nyumba na mwili. Tunaamini kwamba mambo haya yanawahusu wataalamu wa lugha kama yanavyowahusu wanasiasa, kwa sababu harakati za mitandaoni ni kazi ya maneno kabla ya kuwa kazi ya kitu kingine chochote.

2. Njia za mwito kabla ya intaneti

Eneo tunalolizungumzia lina lugha zilizo karibu sana kwa ukoo. Kuna Kimeru pamoja na lahaja zake za Imenti, Tigania, Igembe, Mwimbi na Muthambi. Kuna Kitharaka na Kichuka. Na upande wa kusini kuna Kiembu na Kimbeere, ambazo zinakaribiana sana na Kigikuyu. Ukaribu huu wa lugha una maana kubwa katika historia ya mawasiliano. Waraka ulioandikwa kwa Kigikuyu uliweza kusomwa Embu bila kutafsiriwa, na habari iliyotoka Embu iliweza kupanda hadi Chuka na Mwimbi ikibadilika matamshi tu. Wakoloni waliutambua mkondo huo. Walijenga kituo chao cha utawala Embu mwaka 1906 na kingine Meru mwaka 1908. Na ilipotangazwa Hali ya Hatari tarehe 20 Oktoba 1952, sheria zake nyingi ziliwataja Wagikuyu, Waembu na Wameru kwa pumzi moja, kana kwamba ni kundi moja la washukiwa.

Katika Meru, chombo kikuu cha kuamua na kutangaza mambo kilikuwa Njuri Ncheke, baraza la wazee ambalo makao yake yako Nchiru. Neno la Njuri lilishuka kutoka kwa wazee hadi kwa rika za chini. Lilikuwa na wenyewe, na kila aliyelisikia alijua nani wa kulaumiwa likiharibika. Kando ya mkondo huo rasmi ulikuwapo mkondo mwingine wa nyimbo, masengenyo ya sokoni na mazungumzo ya mtoni, na huo haukuwa na mwenyewe.

Mfano mashuhuri wa mkondo huo wa pili ni wimbo wa ngoma ulioitwa muthirigu, uliovuma Gikuyuni mwaka 1929 na 1930 wakati wa mgogoro kuhusu tohara ya wasichana, mgogoro ambao ulifika Embu pia. Beti zake ziliongezwa na yeyote aliyekuwa na la kusema. Ziliwakejeli wamishenari na machifu, tena kwa majina yao, na baadhi yake zilikuwa matusi na vitisho vitupu. Serikali iliupiga marufuku mwaka 1930. Hapa tunaona mapema sifa zote ambazo leo husemwa kuwa ni za mtandao: utungo wa watu wengi, kuenea kwa kasi, kumtaja mtu hadharani bila kumpa nafasi ya kujibu, na dola kukimbilia marufuku badala ya kuujibu wimbo kwa hoja.

Magazeti nayo yalichangia. Muigwithania lilianza mwaka 1928, na mhariri wake wa kwanza alikuwa Jomo Kenyatta. Baada ya Vita vya Pili vya Dunia likafuata Mumenyereri la Henry Muoria, lililotoka kuanzia 1945 hadi 1952, lilipozimwa pamoja na mengine kwa sheria za Hali ya Hatari. Nakala moja ya gazeti ilisomwa kwa sauti mbele ya watu ambao wenyewe hawakujua kusoma, kisha ikapita kwa mwingine. Kwa hiyo, kusambaza ujumbe wa mtu mwingine si tabia iliyoletwa na vidole vya vijana wa siku hizi. Baba zao waliifanya kwa mdomo.

3. Ngaitana: mwito wa wasichana, 1956 hadi 1959

Mwezi Aprili 1956, katikati ya Hali ya Hatari, Njuri Ncheke ilipitisha kwa kauli moja amri ya kupiga marufuku ukeketaji wa wasichana. Maafisa wa utawala wa kikoloni waliiunga mkono amri hiyo na kuihimiza. Habari zake zilienea upesi, na ukaidi ukaenea upesi vilevile. Wasichana walinunua nyembe madukani, wakaingia vichakani, wakajaribu kutahiriana wao kwa wao. Wakaitwa kwa neno walilolisema wenyewe: Ngaitana, yaani "nitajitahiri". Mwanahistoria Lynn M. Thomas, aliyelichunguza tukio hili kwa kina, ameonyesha kwamba katika miaka mitatu iliyofuata zaidi ya watu 2,400, wasichana, wanaume na wanawake, walishitakiwa katika mahakama za Kiafrika kwa kuivunja amri hiyo. Wengine wengi walitozwa faini na mabaraza ya wazee na machifu bila kufikishwa mahakamani.

Tulitazame neno lenyewe. Ngaitana ni sentensi kamili ndani ya neno moja. Lina nafsi ya kwanza umoja, lina wakati ujao, lina kitenzi. Halimwamuru mtu wala halimwombi mtu. Kila anayelitamka anakuwa mtendaji wake papo hapo, na haiwezekani kulitamka kwa niaba ya jirani. Hii ndiyo siri ya nguvu yake. Wazee hawakuwa na mkuu wa kumkamata ili harakati izimike, maana kila msichana alikuwa ameanzisha upya harakati hiyo kwa kujitaja mwenyewe. Kwa lugha ya leo tungesema kwamba ulikuwa mwito usio na kiongozi, uliobebwa na vijana na kuenezwa kwa kuigana.

Hata hivyo, mwito huo ulikuwa na upande wa pili, na hapo ndipo penye fundisho gumu. Tukiupima kwa kipimo cha ukaidi dhidi ya amri ya kikoloni, Ngaitana ni tukio la ushujaa: watoto wa kike, wasio na kiti katika baraza lolote, walikataa kuamuliwa mambo ya miili yao na wazee wa kiume wakisaidiwa na mkuu wa wilaya. Tukiupima kwa matokeo yake, wasichana hao walijikata kwa nyembe ili kutimiza desturi ambayo huumiza mwili na ambayo sheria ya Kenya ya mwaka 2011 imeiharamisha kabisa. Vipimo hivi viwili havifutani. Mwito ulikuwa wa kweli, hasira ilikuwa na sababu, ujasiri ulikuwa mkubwa, na jambo lililoitiwa lilikuwa na madhara kwa waitikiaji wenyewe. Yeyote anayedhani kwamba sauti ya wengi wasio na mamlaka lazima iwe sauti ya haki, na asome mambo ya Meru ya mwaka 1956. Na yeyote anayedhani kwamba marufuku ya kutoka juu huponya jambo baya, naye na asome hayo hayo.

4. Zana mpya na sheria mpya

Kati ya mwaka 2005 na 2010 mambo mengi yalibadilika nchini Kenya kwa mara moja. Simu za mkononi zilifika vijijini. Mwezi Machi 2007 ikaanza huduma ya M-Pesa, iliyomwezesha mkulima wa Runyenjes au mchuuzi wa miraa wa Maua kutuma fedha bila kwenda benki. Machafuko yaliyofuata uchaguzi wa Desemba 2007 yalionyesha sura zote mbili za zana hizi. Ujumbe wa chuki ulipita kwa simu kutoka mkono hadi mkono, na ukumbi wa majadiliano wa Mashada ulifungwa na wenyewe mwezi Januari 2008 kwa sababu ya matusi ya kikabila. Mwezi huo huo wataalamu wachache walianzisha Ushahidi, programu ya kukusanya taarifa za wananchi kuhusu mashambulizi na kuzionyesha kwenye ramani. Sumu na dawa zilitoka katika chungu kimoja.

Katiba ya mwaka 2010 iliwapa wananchi uhuru wa kujieleza, haki ya kupata habari na haki ya kuandamana kwa amani. Iliunda pia serikali za kaunti, na hilo lilileta madaraka, na ugomvi wa madaraka, karibu na nyumbani. Embu iliingia katika historia mapema: mwaka 2014 Martin Wambora alikuwa gavana wa kwanza nchini kuondolewa na Seneti, ingawa mahakama zilimrudisha. Meru ilifuata kwa kishindo kikubwa zaidi. Gavana Kawira Mwangaza, aliyechaguliwa Agosti 2022, alipigiwa kura ya kuondolewa na bunge la kaunti mara tatu, mwaka 2022, 2023 na 2024. Seneti ilimnusuru mara mbili za kwanza na kuuthibitisha uamuzi mara ya tatu, na Mahakama Kuu ikaidhinisha kuondolewa kwake mwezi Machi 2025. Migogoro hii ilipiganwa katika ukumbi wa bunge na mahakamani, lakini pia katika kurasa za Facebook, katika makundi ya WhatsApp na katika redio za lugha za nyumbani kama Muuga FM na Wimwaro FM.

Mahakama kwa upande wao zilipanua uwanja wa usemi. Mwaka 2016 Mahakama Kuu ilibatilisha kifungu cha 29 cha sheria ya habari na mawasiliano, ambacho polisi walikuwa wakikitumia kuwakamata waandishi wa mitandaoni. Mwaka 2017 ikabatilisha kosa la jinai la kumkashifu mtu, pamoja na kosa la kudhoofisha mamlaka ya afisa wa umma. Bunge likajibu kwa sheria ya mwaka 2018 kuhusu matumizi mabaya ya kompyuta na makosa ya mitandaoni. Ikaanza ngoma ya mvutano: mahakama inafungua, Bunge linafunga, na mwananchi yuko katikati hajui neno lipi litamtia mashakani.

5. Faida: mwaka 2024 na kazi ya tafsiri

Harakati za kupinga Mswada wa Fedha wa mwaka 2024 ndizo kielelezo kikubwa cha faida za mitandao. Mswada huo ulikusudia kukusanya shilingi bilioni 346 zaidi, na miongoni mwa mapendekezo yake yalikuwamo kodi ya asilimia 16 juu ya mkate na kodi ya asilimia 2.5 ya thamani ya gari kila mwaka. Vijana walifanya jambo ambalo vyama vya siasa havikuwa vimelifanya: waliusoma mswada, wakaufafanua kwa maneno mepesi, wakautafsiri kwa lugha nyingi za nchi na kuusambaza kwa sauti na kwa picha. Mama asiyejua Kiingereza cha sheria aliweza kusikia kwa lugha yake mkate utapanda bei kwa sababu gani. Kwa maoni yetu hii ndiyo faida ya kwanza ya kudumu, na ni faida ya lugha. Tangu ukoloni, sheria za Kenya zimeandikwa kwa lugha ambayo wengi wa wanaotawaliwa nayo hawaimudu. Kwa majuma machache ya Juni 2024 ukuta huo ulitobolewa na vijana wasio na mshahara wala ofisi.

Faida ya pili ni uwezo wa kuwafikia wenye madaraka. Nambari za simu za wabunge zilisambazwa, na umma ukahimizwa "kuwasalimia". Kitenzi hiki kinastahili kuzingatiwa. Salamu katika jamii zetu ni wajibu, na asiyeitika salamu huonekana hana adabu. Kwa kuliita shinikizo lao salamu, vijana walimweka mbunge mahali pagumu: akinyamaza amekosa adabu, akijibu ameingia katika mjadala. Kadhalika Rais William Ruto alipewa jina la Zakayo, yule mtoza ushuru wa Biblia aliyepanda mkuyu, akaambiwa ashuke. Katika nchi ya makanisa kama Meru na Embu, istiari hiyo haikuhitaji mfasiri. Tarehe 5 Julai 2024 Rais mwenyewe aliingia katika kikao cha sauti cha mtandao wa X na kuulizwa maswali na vijana kwa ukali ambao hakuna baraza la hadhara lingeuruhusu.

Faida ya tatu ni matokeo. Tarehe 25 Juni 2024 waandamanaji waliingia katika Bunge mjini Nairobi, na miji mingi nchini, Meru na Embu ikiwamo, ilikuwa katika msukosuko. Kesho yake Rais alitangaza kwamba hatatia saini mswada. Michango ya mamilioni ya shilingi ilikusanywa kwa simu kwa ajili ya majeruhi na familia za waliouawa. Lakini faida hiyo ilinunuliwa kwa damu: hadi tarehe 1 Julai Tume ya Taifa ya Haki za Binadamu ilikuwa imehesabu vifo 39, na hesabu iliendelea kupanda baadaye. Mswada ulishindwa kwa sababu watu walitoka nje. Mtandao uliwaita, haukuwakinga.

6. Hatari: mwito hauna mwenyewe, adhabu inaye

Hatari ya kwanza ni ile inayomkabili msemaji. Katika Meru jina linalotajwa kwanza ni la Daniel Muthiani Bernard, mwanablogu aliyejulikana zaidi kwa lakabu ya Sniper, ambaye maandishi yake yaligusa sana siasa za kaunti. Alitoweka mwanzoni mwa Desemba 2023, na baada ya majuma mawili mwili wake ukapatikana mtoni katika nchi ya Tharaka. Watu kadhaa walishitakiwa kwa mauaji yake, na hukumu juu yao ni kazi ya mahakama. Kwa uchunguzi wetu linatosha jambo moja. Mwandishi wa mtandaoni wa mji mdogo hayuko mbali na wale anaowaandika. Mhariri wa gazeti la Nairobi ana lango, mlinzi na wakili. Mwanablogu wa Meru hukutana na aliowakosoa sokoni, kanisani na matangani. Watu hudhani kwamba mtandao umemtoa kijijini, kumbe umemtangaza akiwa kijijini.

Embu ilipata fundisho lake mwaka uliofuata. Tarehe 21 Desemba 2024 kijana wa umri wa miaka 24 alichukuliwa na watu waliofunika nyuso zao akiwa katika kinyozi mjini Embu. Kwa mujibu wa taarifa zilizochapishwa wakati huo, kijana huyo alikuwa amesambaza picha iliyotengenezwa kwa akili mnemba ikimwonyesha Rais akiwa ndani ya jeneza. Siku zile zile vijana wengine kadhaa walitoweka kwa namna hiyo hiyo. Mwishoni mwa mwezi huo Tume ya Taifa ya Haki za Binadamu ilisema kwamba visa vya utekaji tangu Juni 2024 vimefika 82, na kwamba watu 29 walikuwa hawajaonekana. Watu wa Embu waliandamana, mitandao ikalitaja jina la kijana kila siku, Rais akaahidi hadharani kwamba utekaji utakomeshwa, na tarehe 6 Januari 2025 kijana huyo na wenzake wakaachiliwa. Katika kisa hiki kimoja mtandao ni chanzo cha hatari na pia ni njia ya wokovu, na si haki kutaja nusu moja na kuificha nyingine.

Picha yenyewe nayo ituhusu. Kwa wazee wengi wa nchi hii, kumchorea mtu aliye hai kifo chake si mzaha, hukaribia apizo. Kwa vijana waliokulia mitandaoni ni kejeli ya kawaida inayosahaulika kesho. Hapa pana mgongano wa fasihi simulizi mbili za rika mbili. Tunaweza kusema wazi kwamba picha ile haikuwa ya adabu, na bado tukasema kwa uwazi zaidi kwamba utovu wa adabu haumpi mtu yeyote ruhusa ya kumfunika raia kitambaa usoni na kumficha siku 16. Adabu husahihishwa kwa maneno; uhalifu hushitakiwa mahakamani mchana. Mahali ambapo mpaka huu haukulindwa, matokeo yake yalionekana mwezi Juni 2025, pale mwalimu Albert Ojwang, aliyekamatwa Homa Bay kwa ajili ya maandishi ya mtandaoni kuhusu afisa mkuu wa polisi, alipofariki katika kituo cha polisi mjini Nairobi. Polisi walisema kwanza kwamba alijigonga kichwa ukutani. Uchunguzi wa madaktari wa maiti haukukubaliana na maelezo hayo.

Hatari ya pili hutoka ndani ya harakati zenyewe. Mwito usio na mwenyewe hauna wa kuurekebisha ukipotoka. Uongo ukishasambaa katika makundi 50 ya WhatsApp, hakuna mhariri wa kuchapisha masahihisho, na maji yakimwagika hayazoleki. Utafiti uliochapishwa na Wakfu wa Mozilla mwaka 2021 ulionyesha jinsi vijana nchini Kenya walivyolipwa kuvumisha kwa pamoja maneno ya kuwachafua majaji na wanaharakati, ili yaonekane kuwa sauti ya umma. Hapo umma wenyewe umeigizwa. Beti za muthirigu zilikuwa na matusi, lakini angalau aliyeziimba alizitaka. Matusi ya kukodiwa hayana hata hasira ya kweli.

Hatari ya tatu ni ya lugha hasa, na haijapewa uzito unaostahili. Wenye mitandao wako ng'ambo, na uwezo wao wa kuchuja maneno ya chuki umejengwa juu ya lugha kubwa za dunia. Kiigembe, Kitharaka na Kimbeere hazimo katika hesabu zao. Tusi la wazi la Kiingereza huondolewa upesi, ilhali methali ya Kimeru inayomwonya jirani ahame hupita kama salamu. Kwa upande mwingine, kejeli isiyo na dhara yaweza kufasiriwa vibaya na afisa asiyeijua lugha, ikawa ushahidi wa jinai. Lugha ndogo kwa hiyo huumia pande zote mbili: haina ulinzi dhidi ya chuki, wala haina mtetezi inaposhukiwa bure. Jambo hili limezidi kuwa nyeti tangu Oktoba 2025, Bunge lilipoifanyia marekebisho sheria ya 2018 na Mahakama Kuu, siku chache baadaye, ikasimamisha kwa muda baadhi ya vifungu vyake.

7. Njia ya polepole

Itakuwa kosa kudhani kwamba hakuna njia nyingine ya kudai haki katika nchi hii. Tarehe 27 Mei 2013 Mahakama Kuu ya Meru, mbele ya Jaji J. A. Makau, ilitoa hukumu katika shauri lililoletwa kwa niaba ya wasichana walionajisiwa ambao polisi hawakuwa wamechunguza malalamiko yao ipasavyo. Shirika la Ripples International, lenye nyumba ya kuwahifadhi wasichana mjini Meru, lilikuwa miongoni mwa walalamishi. Mahakama iliamua kwamba uzembe huo wa polisi ulivunja haki za watoto hao chini ya Katiba, ikawaagiza polisi kufanya uchunguzi wa haraka na wa kufaa.

Wasichana hao hawakutajwa majina. Waliandikwa kwa herufi tu. Ushahidi wao ulikusanywa kwa subira, ukapangwa, ukasikilizwa. Tukiwaweka kando ya wasichana wa Ngaitana tunaona jambo la kushangaza: wilaya ile ile, suala lile lile la mwili wa msichana na nani mwenye neno juu yake, lakini miaka 57 baadaye wasichana walishinda bila kujiumiza na bila kujulikana. Hatusemi kwamba mahakama yatosha. Shauri kama hilo huhitaji mawakili, fedha na miaka, na wengi wanaoonewa hawana hata kimoja. Tunachosema ni kwamba mwito wa mtandaoni unafaa zaidi pale unapolisukuma jambo hadi mahali ambapo ushahidi utapimwa, kuliko pale unapotaka kuwa shitaka, shahidi na hukumu kwa wakati mmoja.

8. Hitimisho

Wahenga walisema kwamba mbiu ya mgambo ikilia kuna jambo. Historia ya Meru na Embu inathibitisha kauli hiyo, na pia inaiongezea swali: ni jambo gani, na nani atakayelipa gharama yake? Mwaka 1930 lilikuwa wimbo, mwaka 1956 lilikuwa neno moja, mwaka 2024 lilikuwa mswada uliotafsiriwa. Kila mara mwito ulitangulia, mamlaka yakachelewa kuelewa, kisha yakajibu kwa marufuku, kwa faini au kwa nguvu. Na kila mara aliyeadhibiwa alikuwa yule aliyeweza kupatikana: msichana kichakani, mwanablogu njiani, kijana katika kiti cha kinyozi.

Idara za lugha katika vyuo vikuu vyetu, vikiwamo vya Embu, Chuka na Nchiru vilivyo katika eneo hili lenyewe, zina wajibu wa aina tatu katika jambo hili. Wa kwanza ni kukusanya na kuhifadhi maandishi ya harakati hizi, maana hufutika upesi kuliko nyimbo za wazee, na mtafiti wa miaka 50 ijayo hatakuwa na wa kumhoji. Wa pili ni kutoa wataalamu wa Kimeru, Kitharaka, Kiembu na Kimbeere watakaoweza kueleza mbele ya mahakama na mbele ya wenye mitandao nini ni tusi, nini ni apizo, nini ni kejeli na nini ni methali tu. Wa tatu ni kuendeleza kazi ya tafsiri iliyoanzwa na vijana, ili mswada wowote wa kodi, wa ardhi au wa usemi usifike Bungeni kabla haujasomeka kwa lugha za wale utakaowatawala. Vijana waliifanya kazi hiyo kwa majuma machache, kwa simu zao, na baadhi ya wenzao walilipa kwa maisha yao. Wenye mishahara na maktaba hawana udhuru wa kutoiendeleza.